Nilishtakiwa kwa kelele za mashine: baraza la kata nalitunuku nyota tatu na nusu

Niseme mapema ili tusilaumiane: mlalamikiwa ni mimi. Wanaoandika kuhusu kelele za majirani mara nyingi ni wale waliokoseshwa usingizi. Mimi ndiye niliyekuwa nawakosesha.

Nina mashine ya kukoboa na kusaga, pembezoni mwa Dar es Salaam upande wa Ilala. Mota ya hosipawa ishirini, umeme wa njia tatu, kinu cha nyundo cha kusagia, kikoboleo pembeni yake, na mizani ambayo kila mteja anadhani inaniibia mimi au inamwibia yeye. Nilifungua 2014. Wakati huo kulia kwangu kulikuwa na mikorosho, kushoto kiwanja kitupu. Mwaka 2019 kile kiwanja kikapata nyumba, na nyumba ikapata mwenyewe: Mwalimu.

Mwalimu ni mama mstaafu, kafundisha shule za msingi maisha yake yote. Nusu ya madereva wa bodaboda wa kijiweni kwetu wanaficha sigara akipita. Anaishi na mjukuu wake mdogo. Ukuta wa chumba chake cha kulala na ukuta wa banda langu umetenganishwa na hatua tatu za mtu mfupi, na mimi nilikuwa nawasha mashine saa kumi na moja alfajiri, kwa sababu akina mama wanaofungasha sembe ya kuuza madukani wanataka mzigo kabla jua halijachomoza. Ongeza vumbi la unga kwenye kamba yake ya nguo. Ongeza ukuta wake ulioanza kupasuka, ufa mmoja umeanzia kwenye kona ya dirisha ukashuka kama mchoro wa mto kwenye ramani.

Kuanzia hapo tumepita kwenye karibu kila mlango ambao sheria imewawekea majirani wanaokerana. Ndiyo maana naandika. Mtu akinunua jiko la gesi anaandika maoni yake. Mimi nimetumia huduma hizi zote kwa muda wa mwaka mzima na sijaona mtu aliyeandika ipi inafaa.

Tulianza kwa mwenyekiti wa mtaa, kama wote. Faida zake: ni bure, yuko karibu, anakujua. Na hapo hapo ndipo penye shida, anakujua. Mwenyekiti wetu anasagia kwangu. Mwalimu alimfuata mara tatu, na mara zote tatu alimwambia avumilie, mjini ndivyo kulivyo, kijana anatafuta riziki. Nilifurahi sana. Siku ya mara ya tatu alikuwa ana deni langu la kusaga debe mbili. Leo nikipima bila upendeleo nampa nyota moja, na hiyo moja ni ya kupokea simu.

Polisi sitakaa sana. Mwalimu alikwenda, akaambiwa hilo ni la ujirani, wakazungumze. Akarudi nyumbani amevaa kanga yake ya kutokea, hana RB, yaani namba ya taarifa ya polisi, hana chochote.

Bwana afya ndiye aliyenishangaza. Nilimtegemea mtu wa kuandika faini. Alikuja na pikipiki, akasimama kwenye mpapai wa Mwalimu, akapitisha kidole kwenye jani, kikaacha mstari wa kijani katikati ya weupe. Akanionyesha kile kidole, hakusema neno. Kisha akaniandikia ilani ya siku kumi na nne chini ya Sheria ya Afya ya Jamii ya mwaka 2009, na kabla hajaondoka akaniambia nishone mfuko wa kitambaa kizito, niufunge kwenye mdomo wa juu wa saikloni, lile pipa la bati linalotenganisha unga na hewa, unga unaoruka ubaki mle. Mfuko ulinigharimu shilingi 45,000 kwa fundi cherehani wa mahema. Kila jioni naukung'uta na kupata karibu kilo mbili za unga ambao miaka yote nilikuwa naupulizia nguo za watu. Nyota nne. Ya tano namnyima kwa sababu nilipomuuliza kuhusu kelele alisema yeye hana kipimo, kelele na mitetemo ni habari ya NEMC, baraza la taifa la mazingira.

Na kweli ni habari yao. Zipo kanuni za 2015 za udhibiti wa kelele na mitetemo, zimetungwa chini ya Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004, nazo zinaweka viwango kwa aina ya eneo, mchana mbali na usiku mbali. Mtoto wa Mwalimu anayefanya kazi Posta ndiye aliyekuwa anazitaja. Kila akija Jumapili anasimama uani anaongea na simu kwa sauti ya kunisikilizisha: "NEMC… ndiyo… mashine ya kusaga." Nilikuwa nacheka, mpaka nikakumbuka mwaka 2023 walipozifungia baa na kumbi kadhaa za starehe hapa Dar kwa sababu ya kelele, tena sehemu zenye wateja wa magari. Kama wenye magari wamefungiwa, mimi wa debe la mahindi ni nani? Basi nikapakua programu ya kupima sauti kwenye simu. Mlangoni kwangu ikasoma desibeli 91. Sikuijua maana yake vizuri ila namba haikuonekana ya kirafiki.

Wito wa baraza la kata ukanikuta katika hali hiyo. Karatasi moja, muhuri wa bluu, jina langu limekosewa herufi. Nikatafuta wakili. Wa kwanza, ofisi yenye kiyoyozi, alitaka laki saba za kuanzia. Nikapiga hesabu laki saba ni debe ngapi, nikaaga. Jirani yangu wa dukani akanielekeza kwenye kituo cha msaada wa kisheria, bure kwa asiye na uwezo. Hapo nilikutana na wakili kijana, binti wa umri wa mdogo wangu wa mwisho, na ile saa moja aliyonipa ndiyo iliyobadilisha kesi yangu.

Nilimwambia utetezi wangu wote kwa sentensi moja: nilitangulia mimi. Mashine ya 2014, nyumba ya 2019. Aliyekuja kelele akizikuta, amezikubali.

Akasema, "Baba, kila mwenye mashine anayekaa kwenye hicho kiti anasema hivyo hivyo."

Kisha akanieleza. Kuna kero ya umma, ile inayogusa watu wengi, nayo ni jinai: Kanuni ya Adhabu, kifungu cha 170, kifungo mpaka mwaka mmoja. Na kuna kero binafsi, ya jirani kwa jirani, ambapo anayeumia anaomba mahakama itoe zuio, au fidia, au vyote viwili. Hii ya pili, akasema, usiitafute kwenye kitabu cha sheria kilichotungwa Dodoma. Msingi wake ni sheria za Kiingereza tulizozipokea kama zilivyokuwa tarehe 22 Julai 1920. Na katika hizo kuna kesi ya mwaka 1879 ambayo, kwa maneno yake, "ni yako wewe kasoro mahindi."

London. Mtu mmoja anaitwa Bridgman anatengeneza peremende na vitu vitamu. Jikoni kwake ana vinu viwili vikubwa vya kutwangia, na ametwanga hapo zaidi ya miaka 20. Jirani yake ni daktari, Sturges. Daktari akajenga chumba cha kuonea wagonjwa mwisho wa bustani yake, kikakutana na ukuta wa jiko lile. Kila akiweka sikio asikilize kifua cha mgonjwa, anasikia kinu. Akashtaki.

Nikauliza, "Na wa vinu ndiye aliyetangulia?"

"Kwa miaka zaidi ya ishirini."

"Basi akashinda."

"Akashindwa. Wakamwekea zuio."

Nilikaa kimya kidogo. Muuza peremende wa London namwonea huruma mpaka leo. Lakini binti hakuishia hapo. Alisema katika hukumu ile ile jaji mmoja, Thesiger, alieleza kwamba kinachokuwa kero katika Belgrave Square, kwa matajiri, si lazima kiwe kero kule Bermondsey, kwa watengeneza ngozi. Yaani mahali panahesabiwa. Nikapata nguvu. Nikamwambia basi sawa, sisi si Masaki, mtaa wetu una gereji mbili, kiwanda cha matofali na kanisa lenye spika. Sisi ni Bermondsey.

Akaniuliza, "Na huko Bermondsey yenu, saa kumi na moja alfajiri watu wanakuwa macho?"

Kituo kile nyota tano. Hawakuniambia nilichotaka kusikia, na kiti chao kimechanika.

Sasa baraza lenyewe. Kwa wasiolijua: mabaraza ya kata yapo kwa sheria ya mwaka 1985, na kazi yake ya kwanza ni kuleta amani kwa kusuluhisha. Wajumbe ni watu wa kata hiyo hiyo, wanne mpaka wanane. Mawakili hawaruhusiwi kusimama mle na kukutetea. Unaongea mwenyewe na mdomo wako, na hili mimi nalihesabu kama faida, maana mwenye laki saba na asiye nazo wanakaa benchi moja. Shauri letu walilichukua kama mgogoro wa matumizi ya ardhi. Huko tangu marekebisho ya 2021 baraza halitoi tena hukumu, linapatanisha tu. Likishindwa ndani ya siku 30 linakupa hati uende Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Watu wengi mtaani hawajui hilo, wanakuja wakitegemea mtu apigwe faini.

Mabaya yake nianze nayo. Tarehe ya kwanza tulikaa kwenye benchi kuanzia saa tatu mpaka saa saba, tukaambiwa akidi haijatimia. Tarehe ya pili wapo wanaume watatu, mjumbe mwanamke yuko msibani. Wapatanishi wanatakiwa wawe watatu na angalau mmoja awe mwanamke, kwa hiyo tukarudi nyumbani tena, mimi na Mwalimu tukiwa daladala moja, kila mtu ameangalia dirisha lake. Wajumbe wetu hawana mshahara, nalielewa hilo, ila aliyefunga mashine siku nzima naye hana.

Halafu kuna katibu. Alimwambia Mwalimu kuna shilingi 5,000 ya karatasi. Mwalimu akaitoa, akaomba stakabadhi. Katibu akasema stakabadhi zimeisha. Mwalimu akarudia, kwa ile sauti ya kuita mahudhurio: "Naomba stakabadhi." Chumba kizima kikageuka. Ile noti ikarudi kwenye pochi yake, na karatasi zikapatikana za bure. Siku hiyo, japo ni mpinzani wangu, nilitamani kupiga makofi.

Mazuri yake ni siku ya tatu. Mjumbe mwanamke, mama mmoja muuza mbao ambaye hakuwa amesema neno, aliuliza, "Kwa nini tunazungumza habari ya mashine na mashine yenyewe hatuisikii?" Wakaamua kwenda kuona. Wajumbe watatu, katibu, Mwalimu na mimi tukaingia kwenye bajaji mbili.

Nilidhani watakuja kwangu. Mama wa mbao akasema hapana, tukae kwa mlalamikaji, kijana wako awashe kule. Basi nikaingia sebuleni kwa Mwalimu kwa mara ya kwanza. Miaka mitano nimekuwa upande wa pili wa ukuta ule sijawahi kuvuka. "Shikamoo Mwalimu," nikasema mlangoni, ingawa tulikwishasalimiana asubuhi. "Marahaba, Baba Neema, karibu ukae." Makochi yenye vitambaa vya kufuma, kabati la vyombo lenye glasi za wageni, picha ya mahafali. Mama wa mbao akaomba maji, yakaletwa kwenye glasi, hakunywa. Akaiweka mezani katikati yetu.

Nikampigia kijana wangu: washa, tia mahindi.

Kelele nilizitegemea. Sikutegemea miguu. Sauti iliingia kwa chini, kwenye unyayo, ikapanda mpaka magotini. Kabatini zile glasi zikaanza kugongana taratibu, ti-ti-ti-ti. Maji mezani yakafanya duara ndani ya duara, hayatulii. Mzee mmoja mjumbe alisimama akaweka kiganja ukutani, akakiacha hapo muda mrefu kama anayepima homa ya mtoto. Mwalimu hakusema chochote. Alikuwa ananiangalia mimi.

Na mimi nilikuwa nasikia kitu kingine. Ndani ya ule mngurumo kulikuwa na pigo, gu… gu… gu, lisilokwenda na mengine. Nikaamka kwenye kochi. Hiyo si sauti ya mashine nzima. Hiyo ni nyundo zimelika upande mmoja, rota, ule mhimili unaozibeba, inazunguka haina mizani, na beringi inaanza kufa. Ukiwa banda la mashine huwezi kulisikia, una kitambaa masikioni na mkanda unapiga kofi juu ya kichwa chako. Nilikwenda kulisikia sebuleni kwa jirani, nikiwa mlalamikiwa.

"Zima!" nikapiga kelele kwenye simu. Wajumbe wakadhani nimekasirika.

Makubaliano yaliandikwa pale pale, kwenye meza yenye glasi ya maji. Mashine isiwake kabla ya saa moja asubuhi wala baada ya saa kumi na mbili jioni, na Jumapili ianze saa saba mchana. Nibadilishe nyundo seti nzima, siyo mbili mbili kama nilivyokuwa nafanya kwa kubana matumizi. Mashine itoke kwenye sakafu ya banda ikae juu ya kitako chake chenyewe cha zege, kimetengana na sakafu, na chini ya miguu ya chuma ziwekwe raba. Nyufa nizibe na kupaka rangi kwa gharama yangu. Kwa upande wake Mwalimu akakubali mafundi wangu wapite uani kwake, na kwamba nikikosea anitume mtoto kwanza kabla ya kumpigia mtu wa Posta. Tukatia saini, muhuri, nakala tatu. Katibu akatuelekeza kwamba nikiyavunja, karatasi ile ndiyo Mwalimu atakayotangulia nayo mbele kwa mbele. Ilikuwa siku ya ishirini na saba tangu shauri lifunguliwe.

Gharama, kwa mnaofikiria: kitako cha zege na nondo 310,000, seti ya nyundo 72,000, beringi mbili 56,000. Raba nilikata kwenye tairi la lori, elfu kumi kwa mzibua pancha. Jumla haifiki hata laki tano, wakati wakili wa kiyoyozi alitaka saba kabla hajafungua faili. Hasara ambayo haikuandikwa popote ni wateja wa alfajiri. Akina mama wanne walihamia mashine nyingine, mmoja tu ndiye karudi, na anarudi kwa sababu huko anakohamia wanampunja pumba.

Je, mtetemo umekwisha? Umepungua. Glasi hazigongani tena, nimekwenda kusikiliza mwenyewe. Sauti bado ipo, mota ya hosipawa ishirini haijawahi kuwa paka. Nilirudi na ile programu ya simu, mlangoni ikasoma 84.

Kama unayelalamikia ni ukumbi wa muziki wenye mtu mkubwa nyuma yake, baraza la kata usilipotezee muda, hawatamweza. Andika barua NEMC, weka tarehe na saa za kila usiku. Kama ni vumbi, moshi, maji machafu au mbu, anza na bwana afya. Ila kama ni jirani mwenye mashine, gereji, karakana ya useremala, mtu ambaye kesho utakutana naye dukani, nendeni barazani, na waombeni wajumbe waje wakae pale panapouma wakati kitu kinawaka. Nyota nusu niliyoongeza ni ya ile bajaji, maana nauli wajumbe walijilipia wenyewe.

Kifungu cha rangi bado sijakimaliza. Nyufa zimezibwa, plasta imekauka, ndoo ya rangi nimekwishanunua ipo bandani nyuma ya magunia ya pumba. Mwalimu anataka rangi ya maziwa, mimi nilinunua nyeupe. Jana katuma mtoto.